Filamu Yangu Imeolewa

Jumatatu, 18 Agosti

Mowlem, Nairobi. Maji hakuna tangu Ijumaa. Amani nayo imekatika leo.

Nzembi ametangaza vita wakati wa chai ya asubuhi. Mke wangu huyu hapandishi sauti. Amesema, kwa upole ule anaoutumia na watu wa kukata stima, kwamba nina hadi Jumamosi tarehe thelathini. Filamu ikikamilika na kufika kwa wale watu wa tamasha la filamu mjini, atanioka keki. Isipokamilika, Jumatatu inayofuata, tarehe mosi Septemba, naanza kazi ya karani kwa kaka yake Maingi, katika duka lake la vifaa vya ujenzi pale Donholm. Saa moja asubuhi. Aproni ya kijani.

Mimi! Nyamai! Karani wa misumari!

Nikamkumbusha kwamba mimi ni produsa huru. Akajibu kwamba kwa miaka kumi na moja nimekuwa huru kupita kiasi: sina bosi, sina mshahara, na sina filamu hata moja iliyofika mwisho. Akasema zilizokwama ni nne. Mwongo. Ni tatu. Ya nne ndiyo hii.

Hii ni *Moyo Hauna Risiti*. Binti wa mfanyabiashara anampenda kijana asiye na duka, baba anakataa, machozi. Tumeshapiga picha siku kumi na moja. Yamebaki maonyesho matatu tu: harusi, ugomvi, kupatana. Ninajua moyoni kwamba hii ndiyo yenyewe. Hizo nyingine tatu pia nilijua, lakini hii najua zaidi.

Kwenye ngazi nimekutana na Sylvance wa nyumba ya chini. Anapiga video za harusi. Mlangoni ametundika bango, SYLVANCE HARUSI NA MATUKIO, na njiwa wawili wanaobusiana. Ameniuliza sinema inaendeleaje. Nikamwambia sanaa haina haraka. Akasema yeye ana harusi tano mwezi huu, akafungua gari lake, akaondoka. Gari! Mtu anayeelekeza maua ya kompyuta yaelee juu ya uso wa bibi harusi! Ningekuwa mtu wa wivu ningeumia. Nimeumia kidogo tu, hadi saa kumi na moja hivi.

Jumanne, 19 Agosti

Onyesho la harusi linahitaji baba, sheikh, mashahidi, wageni, vitambaa vya kung'aa na mahali pa kuwaweka wote. Nina kamera, taa moja, na mimi.

Nimekutana na waigizaji wangu wakuu wawili, Kawsar na Khalif, kwenye hoteli ya chai Majengo. Kawsar ana uso unaojua kuhuzunika bila kuambiwa. Khalif anauza makava ya simu na anaigiza mapenzi kwa namna ya ajabu. Kila siku nashangaa. Anamtazama yule msichana kana kwamba kamera haipo. Hata kamera ikizimwa haachi. Kipaji!

Kawsar akasema, polepole, huku akikoroga chai isiyo na sukari, kwamba baba yake mzazi, Mzee Awale, ana duka la jumla la vitambaa vya harusi mtaa wa pili, na ghala pana juu yake. Akasema Mzee anapenda sana matangazo. Kisha akarudi kukoroga chai. Papo hapo nikapata wazo, peke yangu: Mzee Awale mwenyewe aigize baba! Ndani ya ghala lake! Katikati ya vitambaa vyake!

Kawsar akasema kumbe mimi ni mwerevu hivi. Khalif akainamisha kichwa, nadhani kwa heshima.

Shida ni moja. Mzee hajui kwamba binti yake anaigiza filamu. Anadhani anasomea kompyuta. Kwa hiyo nimemwendea dukani nikamwambia natengeneza tangazo la duka: AWALE VITAMBAA, HARUSI YAKO INAANZIA HAPA. Familia yenyewe iigize harusi, wateja waone. Mzee akanitazama juu ya miwani kwa muda mrefu. Akauliza bwana harusi ni nani. Nikasema kijana tu wa kuigiza. Akasema sawa, bora awe Mwislamu na viatu vyake viwe safi. Kisha akauliza swali lililokuwa likimsumbua hasa: jina la duka litaonekana kwa ukubwa gani? Nikamwambia, kubwa kuliko bibi harusi.

Tumekubaliana Jumamosi. Si uongo niliomwambia. Ni ukweli ambao bado haujakamilika, nami nimezoea kazi za aina hiyo.

Alhamisi, 21 Agosti

Maandalizi yanakwenda vizuri mno. Naogopa.

Khalif amempata sheikh, Sheikh Yahye, mwalimu wa madrasa. Amekubali bila kutaja malipo. Sikuuliza kwa nini. Mtu akikupa kitu cha bure Nairobi, humchoshi kwa maswali.

Kwenye hati yangu binti anaitwa Iqra na kijana ana jina jingine ambalo hata mimi hulisahau. Kawsar ameshauri siku hiyo watumie majina yao wenyewe, ili Mzee asibabaike. Nimekubali, majina nitayabadilisha baadaye kwenye sauti. Khalif naye ameomba Mzee asifundishwe maneno yoyote, sheikh amwongoze tu. Uhalisia! Nimewaimbia wimbo huu tangu siku ya kwanza, uhalisia, uhalisia, na sasa wanaimba wenyewe. Nilitaka kulia palepale kwenye kibanda cha makava.

Kompyuta yangu iko kwa fundi, wiki ya tatu. Picha zote za siku kumi na moja ziko ndani ya kadi moja ya kamera, ndogo kama ukucha. Nzembi amesema nikazinakili kwenye kompyuta ya Sylvance. Afadhali niimeze hiyo kadi.

Jumamosi, 23 Agosti

Siku kubwa kuliko zote katika kazi yangu!

Ghala lilikuwa linawaka kwa vitambaa vya dhahabu na zambarau. Mzee Awale alikuja na kanzu mpya, amejipaka manukato, ndevu zimechanwa. Wenye maduka jirani wawili walikaa kama mashahidi. Upande wa pili wa pazia, Kawsar na mama yake, Mama Mumina, na wanawake wa ukoo. Mama Mumina alianza kulia kabla sijawasha kamera. Nikawaza, kipaji kama hiki kimekaa miaka yote kinauza baibui! Kisha akapenua pazia na kumkonyeza Khalif. Nikamwomba kwa adabu asiharibu picha.

Sheikh alianza kwa hotuba. Tulivu, nzito, haikuwa kwenye hati. Kisha akamuuliza bibi harusi kama ameridhia. Hilo pia halikuwa kwenye hati. Sauti ya Kawsar ikatoka nyuma ya pazia, ndogo lakini imesimama: nimeridhia. Nilikaribia kuangusha taa.

Ikaja mahari. Hati inasema pete moja. Khalif akataja pete moja. Basi Mzee akasahau kwamba ni tangazo! Biashara ikampanda kichwani. Akasema binti yake si kitambaa cha kupimwa kwa mita, akadai na bangili mbili. Khalif akatokwa na jasho, jasho la kweli, nikalivuta karibu. Akaingiza mkono mfukoni akatoa bangili mbili. Alikuwa nazo! Mwigizaji aliyejiandaa kiasi hicho sijamwona tangu nizaliwe. Mashahidi wakacheka, Mzee akacheka, akamshika kijana mkono na kutamka mbele ya wote kwamba amemwoza binti yake Kawsar. Khalif akakubali hata Mzee hajafunga mdomo.

Mwishoni sheikh akatoa kitabu kikubwa chenye karatasi za nakala, na muhuri. Sikuwa nimekiomba! Wakatia saini mmoja mmoja. Nina picha ya karibu ya kalamu ya Mzee, na nyuma yake jina la duka linasomeka WALE VITAM. Litatosha.

Nikasema kata. Hakuna aliyekata. Watu wakaendelea kukumbatiana na kula tende. Mzee akanivuta pembeni akaniuliza, kama mtoto, kama alikuwa mzuri. Nikamwambia sijapata kufanya kazi na mtu wa kumfikia. Akauliza kama turudie, safari hii jina lote lionekane. Sheikh akacheka, akasema hili halirudiwi.

Mtu wa utani sana yule.

Jumapili, 24 Agosti

Nimemsimulia Sylvance kwenye ngazi, kwa kirefu. Akauliza tu kama nimenakili kadi. Wivu.

Nimemsimulia Nzembi jikoni. Akauliza kama sheikh alikuwa sheikh wa kweli. Nikasema wa kweli kabisa. Na kitabu? Cha kweli. Na baba? Ni baba yake wa kumzaa, nikasema, ndiyo maana ya uhalisia. Akaacha kukata sukuma wiki. Akanitazama. Kisha akaendelea kukata, akitabasamu peke yake. Hata ndani ya nyumba yangu, wivu.

Jumatatu, 25 Agosti

Donholm, saa tatu asubuhi, onyesho la ugomvi. Waliofika: kamera, taa moja, mimi.

Saa nne. Saa tano. Jamaa wa mkokoteni wa maji akaegesha, akakaa juu ya mitungi yake kusubiri sinema ianze. Saa sita akachoka, akaniuzia mtungi, akaenda zake. Simu ya Kawsar imezimwa. Saa saba Khalif akatuma ujumbe. Naunakili ulivyo: "Niaje produsa. Tuko Malindi na waifu, fungate. Anasema asante, bila wewe hii kitu haingejipa. Hiyo ya kukosana hatuwezi saa hii, tunapendana sana."

Nimecheka mpaka machozi. Malindi! Nimewajibu kwamba nawapongeza kwa kubaki ndani ya uhusika, lakini kesho saa tatu kamili wawe Donholm.

Hawajajibu. Nimebeba taa na mtungi mpaka nyumbani.

Jumanne, 26 Agosti

Nimeelewa. Nataka kuingia chini ya kitanda nisitoke.

Saa nne Mzee Awale amepanda ngazi zetu zote, pamoja na Sheikh Yahye na mashahidi wawili. Wameketi kwenye kochi letu, wanne kwa mstari, wakihema. Mzee ndiye aliyesimulia, naye alisimulia akinitazama mimi tu.

Mwaka jana, mjomba wa kijana fulani alikuja kumposa Kawsar. Mzee alikataa aliposikia tu kwamba kijana hana duka. Hakungoja hata jina. Uso hakuuona. Jumamosi, ndani ya ghala lake mwenyewe, amevaa kanzu mpya, amemwoza binti yake kijana huyohuyo, na bangili mbili amezidai mwenyewe. Jumapili asubuhi Kawsar akatoka na sanduku. Mzee alidhani tangazo linaendelea. Alimsaidia kulibeba! Jana jioni tu, binti alipokosekana kwenye chakula siku ya pili, ndipo alipouliza, na Mama Mumina akamjibu bila kuinua macho kwamba mke wa mtu hula kwa mumewe.

Nikamgeukia sheikh anisaidie. Akasema aliitwa kufungisha ndoa, akaja akafungisha ndoa. Bibi harusi aliridhia, baba alitamka kwa ulimi wake, mashahidi walisikia, mahari ilitolewa. Mzee akapiga paja akasema ule ulikuwa mchezo. Sheikh akasema, taratibu, kwamba ndoa haina mchezo. Ukiitamka kwa utani, umeitamka. Mashahidi wakaitikia kwa vichwa.

Kisha Mzee akanielekezea fimbo akasema: futa! Wapi ilipo hiyo video, ifutwe! Sheikh akamwambia kufuta video hakufuti ndoa. Mzee akasema anajua, lakini angalau kitu kimoja leo kitafutwa.

Nikasema kadi nimeihifadhi benki. Nzembi alikuwa anamimina chai. Akasema, Mzee wangu, iko kwenye mkebe wa majani ya chai, subiri nikuletee.

Mke wangu mwenyewe! Kwa mkono wake mwenyewe!

Mzee akaitia kadi kwenye mfuko wa kanzu. Nikapiga magoti, nikamwambia mna siku zangu kumi na moja mle, mna filamu nzima, mna maisha yangu. Akalainika kidogo. Akaapa atafuta harusi peke yake na kunirudishia iliyobaki. Mlangoni akasita, akageuka, akaniuliza kwa sauti ya chini kama ni kweli alikuwa mzuri.

Nikasema ndiyo, Mzee. Ulikuwa mzuri sana.

Jumatano, 27 Agosti

Bado siku tatu. Nimeandika upya mwisho. Wapenzi wanafariki kwenye ajali kabla ya ugomvi, basi sihitaji waigizaji. Nzembi akauliza nani ataonekana akifariki. Nikamwambia hakuna haja ya kuonekana, itasikika breki. Akauliza ni breki ya gari la nani. Hilo bado nalifikiria. Kwa Sylvance siendi.

Alhamisi, 28 Agosti

Nimekwenda Majengo kuchukua kadi.

Nikasikia vigelegele nikiwa bado barabarani. Duka limejaa. Mzee, mkewe, mashahidi, wateja, wachukuzi na magunia mgongoni, wote macho juu kwenye televisheni ya ukutani. Na kwenye televisheni, harusi yangu. Mara ya nne tangu asubuhi, nikaambiwa. Mama Mumina analia mahali palepale alipolia Jumamosi. Ilipofika kwenye bangili, Mzee akanyoosha kidole kujionyesha na kusema maneno yake pamoja na yeye mwenyewe. Watu wakapiga makofi.

Mzee aliponiona akanikumbatia! Akasema alikaa Jumanne jioni kuifuta, akaona bora aitazame kwanza mara moja. Akaona binti yake alivyosema nimeridhia. Akasema hakuwa amewahi kumsikia binti yake akisema kitu kwa uhakika vile, nyumbani kwake husema sawa baba, sawa baba tu. Alitazama tena. Akampigia simu Khalif huko Malindi, akamtukana nusu saa, kisha akamuuliza kama wamekula. Sasa kuna walima, karamu ya ndoa, Jumamosi, ukumbi wa Donholm, watu mia tatu.

Nikasema hongera. Nikaomba kadi.

Akasema harusi sipewi, uso wa binti yake hauzungushwi kwenye sinema za watu. Nikasema haya, harusi chukueni. Nipeni nyingine. Siku kumi na moja.

Mzee akamwangalia mkewe. Mkewe akaangalia vitambaa.

Walitafuta fundi wa kuitengeneza ipendeze, aweke maua, aweke kasida, alikuze jina la duka. Wakauliza huko Mowlem ni nani hodari. Wakaelekezwa mlango wenye njiwa wawili.

Sylvance!

Nilirudi Mowlem mbio, nikaruka ngazi mbili mbili. Nimemkuta anakula chapati. Akasema ndiyo, alipewa kadi jana asubuhi, akachukua harusi, akawapa nakala, na yale mengine akayafuta. Alidhani ni majaribio ya kamera. Msichana analia kando ya ukuta, msichana anatembea, msichana analia tena. Nikamwambia kitu kikifutwa kuna watu wanaweza kukirudisha. Akatafuna. Akasema labda, ila jana kadi ilikuwa tupu naye alikuwa na sherehe ya mapacha kutimiza mwaka, mtaa wa Umoja, na mapacha wale hawatulii, ilibidi apige saa sita mfululizo. Kadi ilijaa pomoni.

Ijumaa, 29 Agosti

Sikutoka.

Kulikuwa na picha moja. Gikomba, siku ya tano. Mama mmoja mzee anakunja mashati ya mitumba, mwanga unaingia kwenye tundu la bati na kumwangukia mikononi. Kawsar amekaa kando yake akilia, kwa sababu nilimwambia alie. Yule mama hakujua habari ya filamu. Akaacha shati, akamwekea mkono begani, akaendelea kukunja kwa mkono mmoja. Dakika nzima. Sikusema kata kwa sababu nilisahau kupumua.

Hicho ndicho kitu pekee kizuri nilichowahi kupiga katika miaka kumi na moja. Ningeweza kumwonyesha Nzembi. Nilikuwa namwekea, aone siku ya tamasha pamoja na wengine. Sasa iko chini ya mapacha.

Nzembi ameketi nami kitandani. Hakusema nilikuambia. Nilimsubiri aseme, hakusema. Nikamweleza ile picha. Akaniuliza mama yule alivaa nini, nikamwambia leso ya bluu. Akasema anaiona.

Nimelia. Naandika kwa sababu hakuna mwingine atakayesoma.

Jumamosi, 30 Agosti

Siku ya mwisho. Badala ya tamasha, walima. Nzembi alinivalisha koti akanisukuma nje.

Kawsar na Khalif wamerudi, wamependeza, wamechomwa na jua la pwani. Kawsar alinijia akaniomba radhi kwa kunitumia. Akasema waliwaza njia miezi sita, hakukuwa na nyingine, na kwamba siku ile ya hoteli ya chai alikuwa amefanya mazoezi namna ya kunipa wazo bila kulitaja. Nikamwambia asijilaumu kwa mambo asiyoyajua, wazo lilikuwa langu. Akanitazama kwa huruma. Uso ule!

Kisha taa zikazimwa, video ikaonyeshwa. Dakika kumi na saba. Maua yanaelea. Mioyo inapasuka. Njiwa wawili wanapita wakati wa mahari. Jina la duka, kubwa kuliko bibi harusi. Lakini chini ya takataka zote zile ilikuwa kazi yangu, jasho la kijana, kalamu ya baba. Watu mia tatu wakiitazama. Kazi yangu haijawahi kutazamwa na watu zaidi ya tisa, na wanne kati yao walikuwa wenye ukumbi. Sauti ya Kawsar iliposema nimeridhia, vigelegele vikalipuka upande wa wanawake, na wanaume niliwaona kwa macho yangu wakipangusa macho yao.

Mwisho pakaandikwa: IMELETWA KWENU NA SYLVANCE HARUSI NA MATUKIO.

Hata hivyo Mzee Awale akasimama, akanitaja kwa jina, akanisimamisha. Familia tatu zikanijia. Wana harusi Oktoba, Novemba, Desemba. Wanataka ileile, na mtu yuleyule. Mmoja alikuwa tayari na kalamu.

Nikawaambia samahani, mimi ni msanii, sipigi harusi.

Nikiwa natoka niliwaona wote watatu wamemzunguka Sylvance.

Jumapili, 31 Agosti

Nimeamka na filamu mpya!

Imekuja yote, tayari imepikwa. Produsa mmoja wa Mowlem, mtu mwenye kipaji na asiyeeleweka, anashindwa na dunia. Anauza kamera yake. Anatia saini kazi ya karani. Machozi. Nitaiita *Aproni ya Kijani*. Nitaigiza mwenyewe, waigizaji wengine wameniumiza vya kutosha.

Nimemweleza Nzembi nikitegemea vita. Ajabu! Amefurahi kuliko nilivyowahi kumwona. Amesema ataigiza mke. Akasema kwa ajili ya uhalisia kaka yake aigize mwajiri, na Sylvance mnunuzi wa kamera. Nilisita kidogo kwa Sylvance, lakini nakiri ana uso wa mnunuzi. Akawapigia simu papo hapo. Saa nane wote walikuwa sebuleni, kana kwamba walikuwa wanasubiri kwenye ngazi.

Na walivyojiandaa! Maingi amekuja na barua ya ajira, imechapwa, ina jina langu kamili, nambari ya kitambulisho, na muhuri wa duka wa wino mbichi. Tarehe ameweka ya kesho. Sylvance amekuja na hati ya mauzo, na noti mkononi, si za kuchora. Nzembi akaketi kama shahidi, akatokwa na machozi bila kuambiwa. Miaka kumi na sita nimelala na kipaji hiki kitanda kimoja!

Nikauliza nani anapiga picha. Wakatazamana. Nzembi akasema leo ni mazoezi tu, lakini tutie saini kabisa ili mkono uzoee. Nimetia saini zote mbili, kwa hisia. Maingi akanikumbatia akaniita shemeji kwa namna ambayo hajawahi. Sylvance akazihesabu noti kwenye kiganja cha Nzembi, akaibeba kamera, pamoja na taa, akaenda nayo chini. Amesema itakaa kwake ili abaki ndani ya uhusika. Nimemheshimu kwa hilo.

Kesho tunaendelea, onyesho la dukani, Donholm, saa moja kamili. Aproni imeshaletwa, iko kwenye msumari nyuma ya mlango. Nimeijaribu, inanikaa. Nimemuuliza Nzembi ni siku ngapi za kupiga picha pale dukani. Akasema tusiwe na haraka, tuanze na miezi mitatu ya majaribio, baadaye Maingi ataona.

Hatimaye nimepata watu wanaojali uhalisia kuliko mimi.